Taa Haziingii Uchochoroni

Viazi vya mkupuo wa kwanza vilikuwa vimeshapoa kwenye chujio, na Kabibi hakuwa na sababu ya kukaanga vingine. Alikaanga tu kwa kuwa mkono ulishazoea. Alichovya kiazi kwenye unga uliokorogwa na bizari, akakitia karaini, akayasikiliza mafuta yakichachatika. Mafuta yenyewe siku hizi aliyanunua kwa kupimiwa kikombe, maana kila alipokwenda dukani dumu lilikuwa limepanda bei tena.

"Hata nzi wametuhama," alisema Jedida, mwenzake aliyeuza mihogo upande wa pili wa uchochoro.

"Nzi hufuata watu. Huku watu watapitia nini?"

Uchochoro ulipita kati ya ukuta wa ghala lililofungwa na nyumba ya ghorofa ambayo mwenyewe alishindwa kuimaliza. Mchana walipita mbuzi na vijana waliokuwa wakikatiza njia kwenda ufukweni. Jua likizama hakupita mtu, kwa sababu hapakuwa na taa, na katikati palikuwa na mtaro uliopasuka kifuniko.

Kabla ya hapo, kwa miaka mingi, Kabibi alikuwa akiuza viazi karai kwenye kona ya barabara iendayo kwenye Nguzo ya Vasco da Gama. Watoto wa shule walimjua, wavuvi walimjua, na watalii waliotoka kupiga picha walisimama kuonja. Kisha mradi wa taa ukaja Malindi. Makaburi ya kale, kanisa dogo la Wareno, nguzo yenyewe, vyote vingewekewa taa, na wageni wangetembezwa jioni. Mitaro ya nyaya ilichimbwa. Bwana Njenga, mkuu wa mradi, alipanda nyuma ya gari la mizigo akawaambia wauzaji wapishe, wahamie uchochoroni kwa muda tu, mitaro ikifukiwa watarudi, tena watapewa na meza mpya zenye vivuli.

Mitaro ilifukiwa. Taa zikawaka. Kabibi alikuwa bado uchochoroni.

Alishakwenda ofisi ya mradi mara nyingi, hata mlinzi wa getini akaacha kumuuliza jina. Asubuhi ya Ijumaa hiyo alimkuta karani, Pamela, akiwa na simu mkononi.

"Leo hayuko, mama," Pamela alisema bila kuinua macho. "Lakini jioni atakuwa kwenye matembezi ya taa. Wiki hii wakazi wa mji hawalipishwi. Njoo utembee nao, utampata hukohuko."

Basi jioni Kabibi alimwachia Jedida karai, akanawa mikono kwa ndimu kuondoa harufu ya mafuta, akajifunga leso mpya aliyoitunzia sherehe. Alijiambia kwamba mtu akikutana na mkubwa njiani, akatembea naye hatua kwa hatua, hawezi kumkwepa kama anavyomkwepa ofisini.

Matembezi yalianzia kwenye makaburi ya nguzo, kando ya msikiti. Wageni walikuwa wameshakusanyika: watu wa Nairobi waliokuja likizo, na Wazungu wazee waliotoka hotelini Watamu. Mbele yao alisimama Viola, amevaa fulana ya manjano ya mradi, kipaza sauti kimening'inia shingoni. Wazazi wa Viola walitoka bara zamani wakapanga nyumba jirani na Kabibi, na msichana huyo alikula viazi vya Kabibi tangu akiwa darasa la kwanza.

"Shikamoo, mama," Viola alisema, akaonekana kushtuka kidogo.

"Marahaba, mwanangu. Umependeza."

"Asante, mama. Ila wakazi wanatembea nyuma. Ndivyo tulivyoagizwa."

Kabibi akarudi nyuma. Huko alimkuta Baya, askari wa mji, mdogo wa mumewe. Ndiye aliyeibeba meza yake kwa mikono yake mwenyewe akaitia garini siku ile walipohamishwa, na tangu siku hiyo hakuwahi kuja kwao kula.

"Shemeji, nawe umekuja kutalii?"

"Nimekuja kuonana na Njenga."

Baya akaitazama kofia yake, akaigeuza mikononi.

Taa ziliwashwa. Kabibi alikuwa amepita kando ya makaburi yale maisha yake yote, akiwa na kapu kichwani, wala hakuwahi kuyatazama kwa kituo. Sasa nguzo ya jiwe juu ya kaburi ilisimama katika mwanga wa rangi ya asali, kila mchoro umejitokeza, na giza la bahari nyuma yake. Ilikuwa nzuri. Alichukia kwamba ilikuwa nzuri, kwa sababu alikuja na hasira na hakutaka ipungue.

Njenga aliwasili Viola alipokuwa akimaliza maelezo. Alikuwa mtu mnene mwenye kicheko chepesi, akimpa mkono kila mgeni. Kabibi akapenya katikati ya watu.

"Bwana Njenga, habari za jioni. Mimi ni Kabibi, wa viazi, pale kona ya nguzo. Ulituambia—"

"Mama, nakukumbuka sana," Njenga alisema, akamshika bega. "Tutaongea mwisho wa matembezi. Tusiwakatize wageni."

Wakatembea kuelekea kanisani. Barabara yote ilikuwa na taa za chini, kila moja ndani ya kijumba cha vioo. Kabibi alijikuta akitembea kando ya Njenga, lakini simu ya Njenga ililia, kisha mgeni akamuuliza habari za viwanja, kisha simu ikalia tena. Walipofika kwenye kanisa lile dogo la makuti, Kabibi alifungua mdomo, na Njenga akaweka kidole midomoni akamwonyesha Viola aliyekuwa akizungumza. Viola alikuwa akieleza habari za watu waliozikwa uani. Wageni waliinamisha vichwa kwa heshima. Kabibi naye akainamisha. Waliokufa zamani walikuwa na taa, ukuta na mtu wa kuwaeleza. Yeye alikuwa hai, amesimama, na hakuna aliyekuwa na nafasi ya kumsikiliza sentensi moja mpaka mwisho.

Walipokata kona kuelekea kwenye Nguzo ya Vasco da Gama, miguu yake ilipunguza mwendo yenyewe. Pale alipokuwa akiweka jiko sasa palikuwa na ukuta mfupi uliopakwa chokaa, maua kwenye vyungu, na kibao kilichokataza watu kukaa.

Viola akasimama papo hapo.

"Zamani eneo hili lilikuwa la vurugu," alisema, macho kwenye karatasi. "Palikuwa na moshi, uchafu na takataka, na wageni waliogopa kupita. Leo, kama mnavyoona—"

"Viola."

Kabibi hakupaza sauti. Watu waligeuka tu kwa sababu ilitoka nyuma, ambako hadi wakati huo hakuna aliyekuwa amesema kitu.

"Moshi huo ulikuwa wangu," alisema. "Waeleze pia kwamba ulikuwa ukitoka shule unakuja kula hapa. Siku nyingine mamako hana kitu, unakula hivyohivyo."

Viola alifumba macho kidogo. "Mama, mimi nimeandikiwa tu," alisema, na kwa kuwa kipaza sauti kilikuwa bado kinafanya kazi, kila mtu alisikia.

Njenga akacheka kicheko chake chepesi. "Jamani, wafanyabiashara wetu wadogo tumewapatia mahali pazuri zaidi. Ni karibu tu na hapa."

"Karibu wapi?" aliuliza mgeni mmoja wa Nairobi, mwanamke mwenye raba nyeupe ambaye wenzake walimwita Mumbua. "Mimi nina njaa. Tunaweza kupaona?"

"Haiko kwenye ratiba, dada."

"Ni hapa nyuma," Kabibi alisema. "Nifuateni."

Hakujua kama wangemfuata. Alianza kutembea tu, na baada ya muda akasikia nyayo. Si wote waliokuja, lakini Mumbua alikuja na wenzake, na Mzungu mmoja mzee na mkewe wakaja pia. Taa za chini zilikoma penye kona ya ghala, kana kwamba mtu alikata kwa kisu. Wageni wakatoa simu zao, wakamulika matope, mtaro, na mbuzi aliyelala njiani. Mbele yao Jedida alikuwa ameishika tochi kwa meno huku akigeuza mihogo.

"Na hapa pana mnara gani?" Mumbua aliuliza, nusu akitania.

"Hapa ndipo tulipoambiwa tungoje," Kabibi alisema.

Kabibi akavaa aproni juu ya leso yake ya sherehe, akapasha viazi, akavipanga kwenye karatasi, akavimwagia ukwaju. Wageni walikula wakiwa wamesimama gizani, wakipulizapuliza vidole. Mzee wa Kizungu alirudi nyuma hatua moja, mguu ukaingia mtaroni hadi gotini. Wakamvuta, akatoka na kiatu kimoja kimelowa, akisema hakuumia. Mumbua alipiga picha kila kitu. "Nitaandika habari hii," alimwambia Kabibi, akimshika mkono. "Lazima watu wajue." Kabibi akamwamini, na hakukosea kumwamini.

Njenga hakuingia. Alibaki pale mwanga ulipokoma. Kabibi akamwendea.

"Ulisema mwisho wa matembezi, bwana. Basi huu ndio mwisho."

"Mama, umeniaibisha mbele ya wageni."

"Nimewaonyesha ulikotuweka."

Njenga akasema kwa upole kama mtu anayemhurumia mgonjwa, "Njoo ofisini Jumatatu." Akawaita wageni wake, wakarudi barabarani, na taa zikawapokea mmoja baada ya mwingine.

Usiku huo Kabibi alirudi nyumbani na chujio tupu. Mumewe, Kalume, alimuuliza imekuwaje, naye akasema, "Wameona. Sasa hawawezi kusema hawajui." Alilala usingizi mzuri kuliko alivyolala tangu mwaka uanze.

Jumatatu hakuwahi kwenda ofisini. Asubuhi, kabla mkupuo wa kwanza haujaiva, gari la mizigo lilisimama penye kona ya ghala, na Baya akashuka.

"Shemeji," alisema. "Mnatakiwa muondoke hapa."

Kabibi aliweka chini kijiko chake. "Tunarudi kwenye kona?"

"La. Mnapelekwa kule nyuma ya machinjio."

"Machinjio? Nani atakuja kula viazi machinjioni?"

Baya alikuwa akiongea na ukuta wa ghala. "Yule dada wa Nairobi ameandika kwenye mtandao. Watu wengi wamesoma, mpaka wakubwa wakapigiwa simu. Ameandika kwamba wageni wamepita mahali pa giza, pa hatari, na mzee wa watu ameanguka mtaroni. Ameandika vizuri tu, shemeji. Hakusema lolote baya juu yenu."

"Kama ni giza, si walete taa?"

"Walikaa wakalizungumza. Wakasema mahali hapa hapafai watu."

"Miezi yote hii palitufaa."

Jedida alikuwa ameshaanza kukusanya sufuria zake, akilia kimya kimya, machozi yakidondokea mihogo. Ofisi ile ambayo haikuweza kufunika mtaro mmoja, wala kuchomeka mlingoti mmoja wa taa, ilikuwa imepata gari, dereva, dizeli na amri iliyopigwa muhuri tangu Jumamosi.

"Karai nalo litoke," Baya alisema kwa sauti ndogo. "Nimeambiwa nisiache kitu."

"Mafuta ni ya moto."

"Ndiyo."

"Hutanibebesha mafuta ya moto kwenye gari, shemeji. Wala wewe huwezi kuyabeba. Na kuyamwaga siwezi, nimepimiwa jana tu."

Baya akafikiri. Dereva akapiga honi. "Basi nitangoja yapoe," alisema, akageuza kreti la soda, akaketi.

"Ngoja," Kabibi alisema.

Akachota makaa kwenye gunia, akayapanga chini ya karai moja moja, bila haraka, mpaka jiko likajaa. Kisha akachukua kipepeo, akaanza kupepea. Baya aliona. Alivua kofia, akaiweka gotini, akatazama pembeni, na dereva akapiga honi tena.