Siku Tuliyomshusha Mama Mkwe

Puto kubwa la vita la adui tulilipa jina la Mama Mkwe, kwa sababu lilikuwa linakuja bila hodi na kukukalia kichwani. Siku hiyo lilikuja mchana kweupe. Nilikuwa nimeinamia meza ya karakana, napaka uzi nta, mara kivuli kikanifunika hata sindano nikawa siioni. Nikatoka mbio, uzi bado unaning'inia mdomoni.

Mji wetu unaelea angani chini ya maputo ya hewa moto, na mji wa ng'ambo vivyo hivyo. Katikati hupita wingu nene la maji, ndilo tunalolikamua tupate kunywa. Zamani tulikamua kwa zamu. Kisha wakubwa wa pande zote mbili wakaingiwa na uroho, daraja la kamba likakatwa, na dada yangu Mashoto, aliyekuwa ameolewa kule, akabaki hukohuko. Mtu na dada yake, eti maadui kwa ajili ya wingu! Nikikumbuka, damu inanichemka mpaka leo.

Nahodha wetu, mwanamke mrefu mwenye sauti ya kupasua vikombe, alinikuta mlangoni.

"Fundi, panda!"

"Nipande wapi?"

"Kwenye puto langu. Wamebeba lami ya moto. Wakiimwaga juu ya maputo yetu, tumekwisha sote. Mishale inadunda tu kwenye kile kitambaa. Njoo unitafutie pa kupasua."

Niliwatazama wanangu waliojibanza chini ya meza. Nikapanda.

Mimi kazi yangu ni ya kukaa kitako, jamani. Puto dogo la Nahodha lilipaa kwa kasi mpaka nikahisi tumbo limebaki chini. Nilimng'ang'ania mkanda nikipiga mayowe, naye anacheka! Mishale ikapita vuu, vuu, masikioni. Tukazunguka nyuma ya Mama Mkwe, tukajibana mgongoni mwake, mahali ambapo hakuna aliyeweza kutuona.

Niliweka kiganja juu ya mshono, nikajua papo hapo. Mishono yote ilikuwa imelala kushoto. Ulikuwa mkono wa Mashoto, ningeutambua hata macho yamefumbwa. Nikaufuata mshono kwa kidole gumba hadi mwisho, na pale mwisho hapakuwa na fundo. Uzi ulikuwa umekunjwa tu, ukabandikwa kwa nta.

Nilitaka kulia. Marehemu mama alitulea na sheria moja ya karakana: anayeshona hafungi. Mwenzake ndiye anayeukagua mshono kwa kidole gumba, akiridhika anafunga fundo la mwisho. Tangu utotoni nilimfungia Mashoto, naye akanifungia mimi. Huko ng'ambo hakuwa na mtu wa nyumba yetu, na kwa kile kichwa chake kigumu, kwenda kinyume na mama asingeweza.

"Umepata?" Nahodha aliuliza.

"Nimepata. Nikiuvuta uzi huu, puto zima linafumuka."

"Sasa unangoja nini?"

"Dada yangu yumo humo."

Hakunibishia. Anajua kuwa kila puto la vita, liwe letu au lao, husafiri na fundi aliyelishona. Akatazama chini, kwenye mapaa yetu. Harufu ya lami ilikuwa imeshatufikia, na mtu kule mbele alikuwa anafoka waisogeze mitungi ukingoni.

"Vuta, fundi," alisema. "Vuta wote!"

"Nitavuta ninavyotaka mimi!"

Nikauzungusha uzi kiganjani, nikafumua mshono mmoja. Hewa moto ikanipiga usoni. Nikafumua wa pili, nikakaza. Uzi ulitaka kukimbia wote kwa mkupuo mmoja, nikauzuia mpaka ukanikata nyama, damu ikachirizika hadi kwenye kiwiko. Mama Mkwe akashusha pumzi ndefu, akaanza kuteremka. Ndani wakaanza kupigana vikumbo, maana nani atachezea lami ya moto huku kitambaa kinamshukia kichwani? Nikasikia maji yanamwagwa, maji yao ya kunywa, na mvuke ukapanda. Lami ilikuwa imezimwa.

"Anashuka!" Nahodha alipiga kelele, akanikumbatia nusura tuanguke wote wawili. "Fundi, anashuka!"

Mama Mkwe alikwenda kukaa katikati ya soko letu, akavunja vibanda vya mboga, hakuua mtu. Mji mzima ukapiga vigelegele. Chini ya kitambaa akachomoka mwanamke mwembamba, nywele timutimu, sindano mkononi.

"Nani kafumua mshono wangu?"

"Mimi hapa!"

"Ndicho ulichojifunza kwa mama? Ulipaswa kufunga!"

Nikamvuta, nikambana kifuani. Tukalia mbele ya watu bila aibu yoyote.

Nahodha alitaka puto lishonwe upya, lirudi angani chini ya bendera yetu. Mashoto alishona nami nikamfuata kwa kidole gumba, kiganja kimefungwa kitambaa. Alipofika mwisho alininong'oneza.

"Yote yako hivyohivyo. Kila puto la kule nimelishona mimi. Sikuwa na wa kunifungia."

Jeshi zima la adui lilikuwa limeshikwa kwa nta tu, na aliyejua pa kulivuta nilikuwa mimi. Nikawaona akilini wote waliomo ndani ya maputo yale, na chini yao hakuna soko wala paa, ni utupu mtupu.

Nahodha akasogea. "Anasema nini?"

"Anasema nimenenepa," nilijibu.

Mashoto akanikabidhi ncha ya uzi. Nikafunga fundo, nikalikaza kwa meno.