Siku Aliyozikwa Chande

Siku walipomzika Chande kule Muheza, mimi nilikuwa Dar es Salaam, naanguka matopeni. Vijana walinikodi kwa video zao fupi za simu: mzee ateleze, aanguke, ainuke, ateleze tena. Nilirudi nyumbani alasiri, viungo vyote vinaniuma, nikajilaza mkekani bila kuvua shati, na usingizi ukanichukua.

Nikajiona katika nchi nisiyoijua, yenye udongo wa majivu na mbingu isiyo na jua. Alinipokea mwanamke mrefu, mtulivu wa uso, akaniambia jina lake ni Insafu, na kwamba hampeleki mtu anakotaka bali anakostahili kufika. Nikamfuata. Kwanza tulishuka bonde la Jukwaa, ambako Furaha, binti mnene mwenye vumbi miguuni, alikaa mabenchini kati ya watu. Na mbele yake niliwaona vijana wawili, Chande na mimi, mimi nikiigiza bwana bahili, yeye mtumishi wangu kiziwi, tukigawana vicheko kama ndugu wanavyogawana muhogo. Tukavuka hadi bonde la Redio, ambako watu hawana nyuso, wana sauti tu. Huko sauti ya Chande ndiyo iliyotangulia, lakini kila mara aliipunguza, akanisubiri, ili nami nichekewe.

Bonde la tatu lilikuwa la Runinga. Mlangoni alisimama Sifa, kijana wa joho linalong'aa, akasema uso wa Chande, ulioungua moto utotoni, hautazamiki, aingie mmoja. Nilijiona nikiingia. Sikugeuka nyuma.

Nikamwuliza Insafu, "Yeye alifanya nini?"

"Alikuombea dua. Kisha akakaa pale pale, akingoja urudi kumwita."

Katika bonde la mwisho, la Simu, Furaha hakuwako. Mahali pake alikaa Kejeli, amevaa nguo za Furaha, na watu walipita mbio mbele ya mzee aliyelala matopeni, wakimtazama kwa kitambo cha kupepesa jicho. Nikalia kwamba dunia imenisahau. Insafu akanitazama kwa huruma iliyoniuma kuliko kofi.

"Usahaulifu haukuanza kwao, Mshindo. Ulipita kwanza mikononi mwako."

Nikamsihi anirudishe mlangoni nikamwite Chande. Akasema Chande ameshaondoka.

Mke wangu, Mwanakombo, alikuwa akinitikisa bega, akisema nalia usingizini. Asubuhi, kabla sijatoka, nilimwambia kazi ndiyo inayonizuia kwenda mazikoni. Sasa nikamweleza kwamba haikuwa kazi. Niliogopa kusimama kaburini kati ya watu wanaojua nilivyomtupa. Miaka ishirini na miwili Chande alinipigia simu kila Idi. Mimi sikumpigia hata mara moja.

Akaanza kukunja nguo zetu begini kwa safari ya Muheza. Kisha akaniuliza, kwa upole, nitamwambia nini mjane wake. Mimi, niliyekula kwa maneno miaka arubaini, nikatafuta hata neno moja, nisilipate.