Alichokiombea Bila Kukiona

Maneno yalianzia sokoni Kabati, na Kathini, asiyejua kusoma, akashindwa kuyatoa kichwani: kwamba binti yake Mbula, mwalimu wa chuo kikuu, anaandika kitabu cha mambo machafu ya wanawake wa Kiislamu, na kwamba Isnino, yule Msomali wa duka la nguo, ndiye anamfundisha, nyuma ya pazia la duka.

Angemuuliza Mbula. Hakumuuliza. Alhamisi, kwenye ushirika wa akina mama, alisimama akaleta ombi.

"Wamama, mniombee. Msichana wangu amevutwa na Isnino. Huko nyuma ya duka kuna mito ya kulalia, kuna manukato, kuna mambo siwezi kutaja."

Kumbe ombi la kanisani hutembea kuliko umbea, maana hakuna anayeona haya kulibeba. Wiki haikuisha kabla ya wanawake wa kanisa kuacha kukanyaga kwa Isnino.

Jumamosi Mbula akaja nyumbani, macho mekundu.

"Mwaitu, mama yangu, ni wewe ulisema?"

"Niliomba tu."

"Mimi nasoma riwaya za zamani za Waingereza. Waliandika juu ya wanawake wa Mashariki, Waislamu, ati wamelala tu wakingoja mwanamume. Na nyumba za hao wanawake hawakuwahi kuingia. Tamaa ilikuwa yao, wakawabandikia wale wanawake. Hiyo ndiyo naandika. Isnino namsomea kwa Kiswahili, ananionyesha penye wamedanganya. Alikuwa anacheka sana."

"Na sasa?"

"Sasa amesema nisirudi."

Kathini alijifunga leso akaenda dukani peke yake. Isnino hakumsalimia. Alivuta pazia.

"Mama Mbula, si ulishaona? Ingia uone tena."

Kulikuwa na cherehani, sare za shule zisizo na pindo bado, na sufuria ya chai. Kathini alitafuta pa kuweka macho akakosa.

"Nisamehe, mama."

"Hapa tuko wawili. Siku ya kunisema mlikuwa wangapi?"

Alhamisi Kathini alisimama tena kwenye ushirika, akasema yote, hata ile mito aliyoitunga mwenyewe. Hakuna aliyeitikia amina. Mpaka leo Isnino hajamfungulia Mbula lile pazia.

Basi mwenye binti aepuke haya:

Kumpelekea Mungu swali ambalo mtoto wako angelijibu.
Kutaja jina la mtu katika ombi.
Kusimulia nyumba hujaingia.
Kukosea mtu mbele ya umati, halafu kumwendea chinichini.
Kuogopa kitabu kwa sababu hujui kukisoma.