Kiboko Amekwama Tisini na Tisa

"Usinipigie kelele, mke wa mwanangu. Aliyekufa ni Kiboko, si wewe."

"Sipigi kelele, Mama. Nauliza. Tangu watoto watoke kwenda shule tumepanda mpaka asilimia tisini na sita. Zimebaki nne. Nne! Halafu unaingia shimo la kumi na sita. Nani alikutuma?"

"Nilitaka kubadilisha kidogo."

"Kubadilisha? Kwani ni mboga hiyo?"

Mama mkwe akasonya na kuiweka pedi ya gemu juu ya paja. Kwenye luninga, Kiboko, yule mwanamke wa mashoka mawili ambaye mama mkwe amemkuza kwa miezi minane, alikuwa amelala kifudifudi juu ya mawe. Mstari wa dhahabu chini ya kioo ukarudi nyuma taratibu, mpaka ukasimama kwenye themanini na sita.

"Kumi zimeenda na maji," nikasema.

"Zitarudi."

"Zitarudi lini? Hii ni mara ya nne."

"Na wewe unahesabu? Huna kazi?"

Kazi nilikuwa nayo. Ilikuwa Alhamisi, saa tano asubuhi, siku yangu ya mapumziko, na nguo za watu sita zilikuwa zimelowekwa kwenye beseni zikinisubiri. Lakini kwa wiki tatu gemu hilo lilikuwa limekuwa kazi yangu pia. Nieleze kwanza, maana mtu akiona wanawake wawili wazima wanagombana kwa ajili ya gemu atadhani tumechanganyikiwa.

Mama mkwe alikuwa fundi cherehani. Miaka thelathini na moja alishona sare za shule, na watu walikuwa wakisema akishona kola hata mwenye kichwa kikubwa anapita. Siku moja akashindwa kutunga uzi kwenye sindano. Akalaumu uzi. Wiki iliyofuata akalaumu sindano. Alipoanza kulaumu dirisha, mume wangu akampeleka kwa daktari wa macho. Mtoto wa jicho, upande wa kulia. Na la kushoto lilikuwa limeanza kuingia ukungu.

Daktari alisema upasuaji ni nusu saa na mgonjwa anarudi nyumbani siku hiyo hiyo. Alisema pia tusiuahirishe mwaka mzima, kwa sababu mtoto wa jicho akikomaa sana anakuwa mgumu na kazi inakuwa kubwa. Vipimo vyote vikafanyika. Kilichobaki ni yeye kwenda.

Hakwenda. Alihamia kwetu, akakuta gemu ambalo mume wangu alilinunua na hakuwahi kupata muda wa kulicheza, kwa sababu mtu aliyeendesha kreni saa kumi mfululizo akirudi anataka kulala tu. Luninga yetu ni kubwa. Mama akaketi karibu nayo, akagundua kwamba hapo anaona. Vidole vyake vilishazoea kazi ya haraka. Ndani ya miezi michache wajukuu wakaacha kumfundisha, wakawa wanamwomba ushauri.

Kila tulipotaja hospitali alikuwa na jibu: mvua, mafua, ugeni. Siku moja nikambana, akasema, "Kiboko akifika levo ya mia, nitakwenda. Nimeapa." Mume wangu akacheka akasema haya. Mimi sikucheka. Niliuliza, "Yuko ya ngapi sasa?"

"Tisini na tisa."

Nikaona tumemaliza. Kumbe sijui kitu. Kwenye gemu lile, levo ya tisini na tisa peke yake ni safari ndefu kuliko tisini za mwanzo zote. Unaingia shimoni, unaua mazimwi, unapata pointi chache, unatoka, unaingia lingine. Shimo likiwa rahisi mno pointi hazionekani. Likiwa gumu mno unakufa, na ukifa unanyang'anywa asilimia kumi papo hapo. Hushuki levo, lakini jasho la saa mbili limepotea.

Mimi ni msimamizi wa zamu kwenye kiwanda cha sabuni, upande wa kufungasha. Nina stashahada ya usimamizi wa uzalishaji, na kazi yangu kwa lugha nyepesi ni kutafuta dakika zinapopotelea. Wengine huwasaidia mama wakwe zao kusuka nywele. Mimi nilichukua daftari na saa ya jikoni, ile ya kupimia mayai, nikaketi nyuma yake.

Mzunguko mmoja ulikuwa unamchukua dakika kumi na tatu. Kati ya hizo, tatu alikuwa akiokota takataka: viatu vilivyotoboka, ngao zilizovunjika, kofia ambazo Kiboko asingevaa hata kwa kulazimishwa.

"Vya nini hivi, Mama?"

"Vinaweza kufaa."

"Vitamfaa nani? Una kofia arobaini kwenye sanduku."

Dakika mbili nyingine alisimama mbele ya hilo sanduku akizipanga kofia kwa rangi. Nikamwambia mjukuu mkubwa afiche takataka zote zisionekane kwenye kioo, kumbe gemu linaruhusu. Nikapiga marufuku sanduku mpaka mizunguko kumi ipite. Kisha tukajaribu mashimo moja moja, saa mkononi, na tukakubaliana na shimo la kumi na mbili: njia moja iliyonyooka, haina kona za kupotea, mazimwi yanakuja makundi makundi kama wateja siku ya mshahara. Na bosi, lile zimwi kubwa la mwishoni, tusimguse, kwa sababu alikula dakika mbili kwa pointi za kuonja. Ukifika mlangoni kwake, geuka, toka.

Mzunguko ukashuka mpaka dakika sita. Mizunguko miwili, asilimia moja. Nilijisikia kama siku ile tulipofungasha katoni elfu mbili kwa zamu moja.

Ndiyo maana kifo hiki cha nne kilinipandisha presha.

Na si hasira tu. Nilikuwa na hofu ambayo sikuwa nimemwambia mtu. Bosi wa shimo la kumi na sita anapiga radi, lakini kabla haijashuka, duara jekundu linachorwa chini ya miguu yako, kubwa kama sinia. Ukiliona unaruka pembeni. Nilikuwa nimesimama nyuma ya kochi, nikaliona duara lile kwa macho yangu. Kiboko hakuruka. Alisimama katikati kama nguzo ya umeme mpaka radi ikamshukia.

Basi nikajua jicho la kushoto nalo limekwenda. Au si jicho, ni kichwa. Mume wangu alishaanza kuniambia kwa sauti ya chini, "Mama anazeeka, tumwache." Tumwache vipi, wakati siku moja atashindwa kuona ngazi?

Nikazunguka kochi, nikapiga magoti mbele yake.

"Mama, nijibu bila hasira. Lile duara jekundu, uliliona?"

"Duara gani?"

"Jekundu. Chini ya Kiboko."

"Ah, lile." Akaangalia pembeni. "Niliona. Nani asiyeliona duara kama lile?"

"Kwa hiyo uliliona."

"Si nimekwambia?"

"Sasa mbona hukuruka?"

Akaichukua pedi, akaanza kuifuta kwa pindo la gauni, ingawa haikuwa na vumbi.

"Mama. Mbona hukuruka?"

"Sikuruka tu."

Nikainuka, nikachukua daftari langu mezani. Mimi nikikwama kazini narudi kwenye takwimu, kwa sababu watu wanaweza kukuzungusha lakini takwimu hazina haya. Nikafungua ukurasa wa vifo. Cha kwanza: asilimia tisini na moja. Cha pili: tisini na nne. Cha tatu: tisini na tatu. Cha nne: tisini na sita. Vyote shimo la kumi na sita. Kati ya themanini na tisini alikuwa amekimbia mizunguko zaidi ya sitini, na hakufa hata mara moja. Hata kujikwaa hakujikwaa.

Jibu nilikuwa nalo kwenye daftari wiki nzima na sikuliona. Mwenye mtoto wa jicho nilikuwa mimi.

"Unamwua mwenyewe," nikasema.

"Nani?"

"Kiboko. Kila akikaribia mia unampeleka akafe. Makusudi."

Nilitegemea aniite mkosa adabu. Badala yake mabega yake yakashuka, yote mawili, kama mtu aliyetua ndoo kichwani.

"Umechelewa kujua," akasema. "Kwa jinsi unavyojisifia hiyo stashahada."

Nikaanza kucheka. Sikupanga. Jicho la kushoto bado linaona. Kichwa kizima, tena kina ujanja kuliko changu. Niliketi sakafuni nikacheka mpaka nikafuta machozi kwa daftari, naye akawa ananitazama kama mwendawazimu.

"Unacheka nini? Mimi nakuambia jambo zito."

"Niambie, Mama. Nasikiliza."

Akavuta pumzi. "Daktari alisema sitalazwa usingizi. Nitakuwa macho."

"Ndiyo. Wanatia ganzi, husikii kitu."

"Maumivu siyaogopi. Nimezaa watano." Akashusha sauti, ingawa nyumbani tulikuwa wawili tu. "Naogopa chafya."

"Chafya?"

"Unanijua. Nikipiga moja lazima zije tatu, na haziombi ruhusa. Sasa mtu ana kisu ndani ya jicho langu, mimi nipige chafya. Si ndiyo basi tena?"

Miezi minane! Tulimbembeleza, tulimkaripia, mume wangu akamletea mchungaji, na hakuna hata mmoja aliyemuuliza anaogopa nini. Mimi nilipima kila dakika ya Kiboko, nikasahau swali la kwanza kabisa ambalo mtu humuuliza mfanyakazi aliyesimama: umekwama wapi?

"Kwa nini hukumuuliza daktari?"

"Nimuulize daktari mzima habari za chafya? Anione mshamba?"

Simu ilikuwa mfukoni. Nikapiga kliniki ya macho, nikaweka sauti ya juu. Akapokea muuguzi, yule yule aliyemfanyia vipimo, mwenye sauti ya kukwaruza.

"Dada, nina swali la kijinga," nikasema. "Mgonjwa akitaka kupiga chafya katikati ya upasuaji inakuwaje?"

"Mbona si la kijinga? Kila siku tunaulizwa," akasema muuguzi. "Akihisi inakuja anasema tu, 'Chafya.' Daktari anatoa vifaa, mgonjwa anapiga chafya yake, tunaendelea."

Mama mkwe akaisogelea simu. "Na zikiwa tatu?"

"Hata kumi, bibi. Tutasubiri. Tunalipwa hata tukisubiri."

"Na nikichelewa kusema?"

"Ile dawa ya ganzi inatuliza jicho lenyewe, na kichwa tunakiegemeza vizuri. Halafu chafya haikurupuki hivyo, inabisha hodi puani kwanza. Wewe unajua ya kwako inavyobisha?"

"Najua," akasema mama mkwe. "Inawasha hapa." Akagusa pua kana kwamba muuguzi anamwona.

"Basi ikiwasha hapo, sema. Kwani unakuja lini? Jina lako liko hapa linaota ukungu. Leo saa saba mgonjwa mmoja ameahirisha, ana homa. Ukitaka nafasi ni yako, ila uje sasa hivi, matone ya kupanua mboni yanachukua muda. Na uje na mtu wa kukurudisha."

Nikamtazama mama mkwe. Yeye alikuwa anatazama luninga. Kiboko alikuwa ameshafufuka, amesimama kijijini pembeni ya sanduku lake la kofia.

"Nimeapa levo ya mia," akasema polepole. "Niko themanini na sita ya tisini na tisa."

Hapo ndipo nilipofungua ukurasa wa mwisho wa daftari. Sikuwa nimemwonyesha, nilidhani ungemuumiza.

"Unajua kwa nini tumekwama dakika sita, Mama, hatushuki? Kila ukitaka kuona kona ya kulia ya kioo unageuza kichwa chote, kama kuku. Nimepima. Dakika moja na nusu kila mzunguko. Takataka tumeondoa, sanduku tumeondoa, bosi tumeondoa. Kilichobaki ni jicho."

"Dakika moja na nusu?"

"Kila mzunguko. Ukiwa na jicho zima, dakika nne na nusu. Wewe fanya hesabu."

Akafanya hesabu. Nilimwona midomo ikicheza, fundi anayekadiria kitambaa.

"Hiyo mia nitaipata ndani ya saa mbili," akasema.

"Ukimaliza kupumzika kama daktari atakavyosema. Na shimo la kumi na sita hukanyagi."

"Nikafanye nini huko? Sasa hivi sina sababu." Akainamia simu. "Dada, bado upo?"

"Nipo, bibi."

"Andika jina langu. Natoka."

Akabonyeza pedi, gemu likajihifadhi, luninga ikawa nyeusi. Mimi nilikimbilia kadi yake ya hospitali, nikazitazama nguo kwenye beseni, nikaziambia zitajijua. Nilipotoka chumbani alikuwa ameshavaa viatu, kila kimoja kwenye mguu wake sahihi, na ameshika kitasa.

Nikafungua mlango. Vumbi la barabarani likatupiga usoni. Mama mkwe akasimama kizingitini, akagusa pua yake, akainua kidole kuniamuru nisubiri.

"Chafya," akasema.

Akapiga tatu, mfululizo. Akajifuta, akavuta pumzi, akashuka ngazi zote nne bila kushika ukuta.

"Umeona?" akasema bila kugeuka. "Nimesema kabla haijafika. Haya, funga mlango, twende."

Nikafunga.