Kamera Katika Wodi ya Mifupa

Mtengeneza filamu wetu aliingia hospitalini na kamera ndogo iliyofichwa kwenye kifungo cha koti, na kwa siku kadhaa alivuna uozo wa bwerere. Daktari bingwa alikuwa mkutanoni tangu Jumatatu, mkutano wa ajabu usio na mwisho wala ajenda. Mashine ya eksirei ilikuwa mbovu. Tangazo la kuwaomba wagonjwa wawe na subira lilikuwa limeshageuka rangi ya manjano mlangoni. Bosi wake aliziona picha hizo akasema hii ni dhahabu, endelea hivyo hivyo, usiguse kitu.

Tatizo lilikuwa kitanda cha dirishani. Hapo alilala shangazi yake, aliyemlea tangu mdogo, nyonga imevunjika, akisubiri upasuaji ulioahirishwa kila asubuhi kwa heshima zote. Alishaanza kukataa chakula.

"Mwanangu," shangazi alimwambia, "hiyo filamu yako inataka nife mwanzoni au mwishoni?"

Maneno yale yalimchoma. Alikwenda garini, akarudi na kamera kubwa begani, taa yake nyekundu ikiwaka, akasimama katikati ya wodi waziwazi.

Basi miujiza ikaanza. Mkutano wa daktari bingwa ulikwisha ghafla, naye akatokea na koti lililopigwa pasi, akamshika shangazi mkono na kumwita mama. Mashine ya eksirei nayo ikapona. Kumbe ilikosa tu mtu wa kuichomeka kwenye umeme. Mchana shangazi aliingizwa chumba cha upasuaji, na kesho yake asubuhi alikuwa anadai chai na kulalamika kwamba haina sukari.

Bosi alipiga simu akishangilia. Sasa tuna kabla na baada, alisema, lete tuirushe leo. Alikuwa sahihi, filamu hiyo ingewavua nguo wakubwa wote. Pia ingewafanya wapige marufuku kamera getini, na mkutano wa daktari ungeendelea pale ulipoishia. Akamjibu bosi kwamba bado anapiga picha, akakata simu kabla hajatukanwa.

Maana jirani wa shangazi, fundi cherehani mwenye mguu uliovunjika, alikuwa ameketi wima kitandani, akimsubiri.

"Na mimi nimeshachana nywele," alisema.

Betri ilikuwa imekwisha, na ya akiba pia. Mtengeneza filamu aliinua kamera begani vilevile, akamwelekezea. Taa nyekundu haikuwaka, lakini hakuna mkubwa aliyegundua. Wote walikuwa wakijitazama kwenye kioo cha lenzi. Muuguzi alikuja mbio na kiti cha magurudumu.

Daktari bingwa alinyoosha kola yake, akauliza kwa unyenyekevu filamu itatoka lini.

Mtengeneza filamu aliitazama safu ya vitanda hadi kile cha mwisho, karibu na choo, ambako kitana kilikuwa kinapita mkono kwa mkono.

"Tukishafika kitanda kile, daktari," alisema.