Tundu la Ndiva

Usiku wa kuamkia leo niliota nimefika Upare kupiga filamu ya ndiva, lile bwawa la udongo ambalo kijiji hulijaza maji usiku na kulifungulia mashamba asubuhi. Katika kazi yangu mimi hutazama tu. Siulizi, simwelekezi mtu, sigusi kitu. Wenzangu huniita Jiwe, nami hulipenda jina hilo.

Kabla sijaingia kijijini, mlima ulinisimamisha.

"Hujapiga hodi," ulisema.

"Sitaki kuwasumbua. Endeleeni kana kwamba sipo."

"Basi hupo," ukasema, ukanipa mgongo.

Nikatazama miguu yangu, sikuiona. Nikashukuru, maana sasa haitaingia kwenye picha.

Mara niko kando ya ndiva, na sikumbuki kupanda. Ni siku ya msaragambo, kazi ya pamoja ya kijiji, na watu wote wako juu wanazibua mfereji. Mama Nakijwa, msimamizi wa maji, anavua koti lake na kulitundika kichwani kwangu. Mimi naendelea kupiga filamu.

Ndipo naona maji yakichuruzika chini ya ukuta wa bwawa. Tundu ni la kidole, kisha la ngumi. Bondeni mahindi yametoa ndevu, na nyuma yake kuna nyumba za watu.

"Litapasuka," naiambia kamera.

"Mwanga ni safi sana," kamera inajibu. "Usiguse. Likipasuka, picha hii tutakuwa nayo peke yetu."

Ilisema kwa sauti yangu mwenyewe, nikaichukia.

"Mama Nakijwa! Ukuta unavuja!" Napiga kelele lakini hakuna kinachotoka. Asiyekuwepo hana sauti.

"Samahani," linasema tundu kwa adabu, "mimi napita tu. Nawe si unapita tu?"

"Hapana," nikasema.

Nikaibwaga kamera kwenye matope, nikaingiza mkono tunduni mpaka kwapani. Maji yalikuwa baridi ya kuuma meno.

"Unanigusa!" tundu likalalamika.

"Nakugusa."

Kwa mkono mwingine nikashindilia udongo, mawe na magome ya mgomba. Likanisukuma, nikalisukuma.

"Utachoka."

"Nikichoka nitakaa hapa hapa. Sitoki."

Bega langu likaanza kuonekana, kisha magoti, kisha viatu. Tundu likabaki la kidole, likanuna, likazibika. Mama Nakijwa akageuka.

"Ee! Kumbe tuna mgeni! Mbona umekaa kimya muda wote, baba?"

Nilifungua kinywa nimjibu, nikazinduka kwenye kitanda cha nyumba ya wageni. Palikuwa pamekucha, na mlango unagongwa.

Nje alisimama mama mmoja, jembe begani. Nilifika kijijini jana jioni na sikuwa nimemsalimu mtu yeyote, nisije nikawaharibia utaratibu wao. Lakini huyu nilimfahamu.

"Ukuta wa ndiva ulitoboka usiku," alisema. "Tumekuta mtu ameshauziba. Tulipokuwa tunaushindilia vizuri, tukaikuta hii ndani ya udongo. Mwenye nyumba anasema ni yako."

Akanipa saa ya mkono. Ilikuwa yangu, mkanda umejaa tope, na ilikuwa bado inatembea.

"Shikamoo, Mama Nakijwa," nikasema.

"Marahaba," akajibu, wala hakuuliza jina lake nimelitoa wapi.

Nikaivaa saa na tope lake. Kisha nikamwuliza swali langu la kwanza tangu nifike Upare: mtu asiye na jembe anaazima kwa nani.