Matanga Yaliyosubiri Kura

Mvua ilikuwa imemlowesha Chibalonza mpaka kitambaa chake cheusi cha kichwa, na makaratasi ya mgombea yalianza kugandana mkononi. Ilikuwa Jumamosi ya uchaguzi wa meya, mwanzoni mwa Desemba 2021. Kwa sababu ya korona, watu wa kampeni walikatazwa kusogelea lango la shule iliyokuwa kituo cha kura, kwa hiyo alisimama kwenye kona, mbele ya duka la mikate: gauni jeusi, barakoa nyeusi, picha ya marehemu mumewe imebanwa kifuani jirani na beji ya mgombea. Wapiga kura waliowakwepa wagawa karatasi wengine walipunguza mwendo walipomfikia yeye. Mwenyewe hakuwa na kura. Ombi lake la uraia lilikuwa bado kwenye foleni.

"Unaona, Mama Ketsia?" Bahizire alimwambia kwa furaha. "Hakuna mutu anapita mujane bila kupokea karatasi."

Wakongo wote wa Merrylands, kitongoji chao cha ughaibuni, walimwita Bahizire Président, yaani mwenyekiti wao, ingawa hakuna aliyekumbuka alichaguliwa lini.

Murhula, mumewe, alifariki Agosti kwa korona. Alikuwa akipakia masanduku kwenye ghala la baridi kule Wetherill Park, zamu ya usiku. Kazi yake ilitangazwa kuwa muhimu, ndiyo maana hakufungiwa ndani kama wenye kazi zisizo muhimu, wale wenye mishahara mikubwa. Chibalonza alimuaga kupitia tableti iliyoshikwa na nesi, kisha wakamzika wakiwa watu kumi, kama serikali ilivyoamuru. Kwao Bukavu hata mwizi hazikwi na watu kumi.

Na kwao mfu haondoki mpaka matanga yaondolewe: ndugu na majirani wakusanyike, wale, waimbe, wamvue mjane nguo nyeusi mbele ya macho ya wote na kumvika kitenge kipya. Murhula hakuwa ameondoka. Kila asubuhi saa moja, wakati aliozoea kurudi kutoka kazini, kitasa cha mlango kiligeuka, kikasita, kikarudi.

"Mum, Dad's at the door," binti yao Ketsia alisema siku moja bila kuinua macho kutoka kwenye mkate wake. Alikuwa na miaka kumi na miwili.

Chibalonza alikuwa akiomba Mungu kwamba anayesikia awe ni yeye peke yake.

Ndipo alipoanza kuhangaikia ukumbi. Watu waliporuhusiwa kutoka ndani, kumbi zote za manispaa zilikuwa zimeshikwa, lakini mgombea alikuwa diwani, na diwani haambiwi pamejaa. Akampatia tarehe ishirini na saba Novemba. Chibalonza akashonesha kitenge. Siku nne kabla, Bahizire alikuja nyumbani na msichana mmoja wa kampeni, aliyemtazama mjane kutoka utosini hadi miguuni kama mtu anayechagua pazia.

"Mama Ketsia, iko hivi," Bahizire alisema. "Ukitosha hizi nguo nyeusi mwilini hii weekend, siku ya uchaguzi watu wataona nini? Mwanamke wa kitenge tu. Tusogeze kilio cha matanga kidogo. Akishinda, ile salle ya manispaa ni yetu."

"Na akikosa?"

"Usiseme vile. Ni yeye alikupatia hiyo tarehe. Anaweza kuichukua tena."

"Président, bwana yangu anakuja kila asubuhi."

Bahizire alitazama mlango. Naye ni mtoto wa Bukavu, alijua. "Umwambie avumilie wiki moja," alisema kwa sauti ndogo.

Mnyonge hana haki. Chibalonza alikubali, na kukubali huko kumemuuma hadi leo.

Mgombea akashinda. Kuhesabu kura kulichukua zaidi ya wiki mbili, kisha ikawa Krismasi, kisha korona ikapanda tena. Kitasa sasa kiligeuka hata adhuhuri. Hatimaye Bahizire alipiga simu: ukumbi umepatikana Jumapili ya mwisho ya Februari, ila siku hiyohiyo meya atasherehekea ushindi wake na jamii za wahamiaji.

"Tunaunganisha," alisema. "Watu watakuwa wengi. Murhula atapata heshima."

Watu walikuwa wengi kweli. Meya alihutubu, akawashukuru wafanyakazi wa maghala waliotutoka, bila kumtaja yeyote kwa jina. Ngoma zikachezwa, sambusa zikaliwa. Saa kumi na nusu mtunza ukumbi akaanza kukunja viti. Dévote, rafiki Mrundi wa Chibalonza, aliyekuwa amebeba kile kitenge kwenye mfuko tangu mchana, alimfuata Bahizire.

"Président, na kilio?"

"Bado kidogo, dada."

Chibalonza hakungoja. Alisimama katikati ya ukumbi, akafungua fundo la kitambaa kwa mikono yake mwenyewe, jambo ambalo mjane hafanyi, akakiacha kianguke. Akaimba jina la mumewe kwa sauti iliyokwaruza. Wanawake wachache waliweka sahani chini, wakaitikia. Kwa mara ya kwanza tangu Agosti alivuta pumzi ikashuka mpaka tumboni.

Msichana wa kampeni alifika mbio.

"Oh no, not yet, darling! Photo with the Mayor first."

Akaokota kitambaa sakafuni, akakikung'uta, akakirudisha kichwani mwa Chibalonza na kukifunga kwa upole, fundo mara mbili, huku meya akijongea na kunyoosha tai yake.

Wimbo ulikatika. Dévote alijiziba mdomo. Hakuna mwanamke kati yao asiyejua kwamba kitambaa cha msiba kikishavuliwa hakirudi kichwani ila kwa kumlilia maiti mwingine wa nyumba ileile. Nyumbani kwa Murhula walikuwa wamebaki wawili, mama na binti.

"Smile," mpiga picha alisema.

Chibalonza alimtafuta binti yake kwa macho. Ketsia, ambaye bibi yake alimsimulia mila hiyo kwenye simu, alikuwa akirudi nyuma polepole, akimtazama mama yake, mpaka mgongo wake ukagonga ukuta.